Maswali ya Wasomaji: Mlima Ulioruka na Kitongoji cha Legetang

Hotuba moja kuhusu kitongoji cha kisiwa cha Java kilichofukiwa na mlima imesambaa sana katika simu za wasomaji wetu, na barua zimefuata. Tumechagua sita, tukazifupisha pale ilipobidi. Mbili kati yake hazihusu kitongoji hicho moja kwa moja, lakini zinagusa jambo lile lile: namna watu wanavyosimulia msiba uliotoka mlimani.

Ndugu Mhariri, mhadhiri mmoja anasema kwamba huko Indonesia palikuwa na kijiji cha wakulima matajiri waliomsahau Mungu, wakawa wanakesha katika ngoma na kuwadharau maskini, hata usiku mmoja kilele cha mlima kikanyanyuka, kikaruka mto na bonde bila kuvigusa, kikawafunika wote. Je, kijiji hicho kiliwahi kuwapo, au ni hadithi ya kututisha? (Msomaji, Tanga)

Kilikuwapo. Kilikuwa kitongoji kilichoitwa Legetang, katika kijiji cha Pekasiran, tarafa ya Batur, wilaya ya Banjarnegara, jimbo la Java ya Kati, kwenye uwanda wa Dieng ambao uko kiasi cha mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Usiku wa kuamkia tarehe 17 Aprili 1955, sehemu ya mlima Pengamun-amun uliokuwa jirani iliporomoka na kukifukia kitongoji hicho. Leo mahali hapo pana mnara wa kumbukumbu uliozungukwa na mashamba ya mboga, na maandishi yake yanataja wakazi 332 wa Legetang pamoja na wageni 19 waliotoka vijiji vingine. Hao ni watu 351 waliokufa usiku mmoja, wengi wao wakiwa wamelala, na udongo uliowafunika ulikuwa mwingi kiasi kwamba wengi hawakufukuliwa kamwe.

Hadi hapo hakuna ubishi. Kinachobaki ni hadithi, nayo inasimuliwa hivi. Ardhi ya Legetang ilikuwa na rutuba kupita ardhi ya majirani wote, kiasi kwamba hata mwaka ambao mazao yaliharibika kwingine, ya Legetang yalistawi. Watu wakatajirika, na utajiri ukawalevya. Kamari ikawa mchezo wa kila siku, ibada ikaachwa, na kila usiku ukawa usiku wa lengger, ngoma ambayo mchezaji aliyevaa mavazi ya kike hucheza mbele ya watazamaji. Kuna mengine yanayosimuliwa kuhusu mambo ya ndani ya nyumba zao, ambayo sitayaandika hapa kwa sababu wanaosimuliwa hawapo kujitetea. Kisha usiku ule mvua ikanyesha sana, na ilipokoma, katikati ya usiku, majirani wakasikia kishindo kikubwa. Hakuna aliyethubutu kutoka. Asubuhi wakaona kwamba kilele cha Pengamun-amun kimekatika, na mahali palipokuwa na Legetang pamekuwa kilima. Kilichowashangaza zaidi ni kwamba kati ya mlima na kitongoji palikuwa na mto na bonde, navyo vilikuwa havikujaa udongo, kwa hiyo wakasema kuwa kilele hakikuporomoka bali kilinyanyuliwa, kikaruka, kikawekwa juu ya watu wale.

Kwa mtu aliyelelewa katika Uislamu, dini ya Wajava walio wengi, hadithi ya namna hii haikosi mahali pa kukaa. Kaumu ya Nabii Lut ipo, kaumu ya Nabii Salih ipo, na mhadhiri anayetafuta mfano wa karibu, wenye tarehe na mnara, hawezi kuupita huu. Simlaumu kwa kuutumia. Ila namwomba msomaji azingatie ni nani aliyeisimulia hadithi hii kwanza. Watu wa Legetang karibu wote walikuwa chini ya udongo. Waliobaki kusimulia ni majirani, yaani wale wale ambao, kwa mujibu wa hadithi yenyewe, mazao yao yalikuwa yakiharibika wakati ya Legetang yakistawi. Mtu hahitaji kuwa mwovu ili jirani aliyemzidi ashukiwe. Na jirani huyo akifa kifo cha ajabu, shaka iliyokuwa ikinong'onwa hugeuka ushahidi.

Kuhusu lengger, inafaa kusema kwamba ngoma hiyo haikuwa ya Legetang peke yake. Ilichezwa, na bado inachezwa, katika sehemu nyingi za Java ya Kati, na mizizi yake iko katika sherehe za wakulima za kushukuru kwa mavuno. Usiku wa lengger baada ya mavuno mazuri ulikuwa jambo ambalo vijiji vingi vya milima ile vingeweza kulifanya bila mlima wowote kusogea. Ikiwa ngoma ndiyo iliyouangusha Pengamun-amun, basi mtu anapaswa kueleza kwa nini milima mingine yote ya eneo lile ilivumilia.

Halafu wapo wageni 19. Mnara unawatenga na wenyeji kwa makusudi, nami nadhani aliyeamua kuwatenga alikuwa na akili timamu. Hao hawakushiriki utajiri wa Legetang, wala hawakuwa sehemu ya mwenendo wake wa kila siku. Walifika, wakalala, hawakuamka. Na katika wale 332, kama ilivyo katika kitongoji chochote cha wakulima, walikuwamo watoto wa kunyonya, wajawazito na wazee wasioweza hata kufika uwanja wa ngoma. Hadithi ya adhabu huwafuta watu hawa wote ili ibaki na wachezaji na wacheza kamari peke yao.

Hata hivyo sitaki msomaji aitupe hadithi nzima, kwa sababu ndani yake kuna kipande ambacho wahadhiri wengi hukiacha, nacho kwa maoni yangu ndicho chenye thamani kuliko vyote. Wazee wa eneo lile husimulia kuwa wiki kadhaa kabla ya msiba, watu waliokwenda mlimani kukata majani na kuokota kuni waliona ufa mrefu umejichora kwenye mteremko wa Pengamun-amun. Ufa huo ukazungumzwa, kisha ukazoeleka. Hakuna aliyejua kwamba ufa wa aina hiyo unasema nini, na hakukuwa na mtu wa serikali wa kuulizwa. Ukiunganisha ufa uliokuwapo kwa wiki nyingi, mwezi wa Aprili ambao huja mwishoni mwa msimu wa mvua wakati ardhi imekwisha kunywa maji ya miezi kadhaa, na mvua kubwa ya usiku ule, utakuwa umeelezwa sababu ya msiba na wenyeji wenyewe, kwa maneno yao wenyewe, bila kuongezewa neno na mtaalamu yeyote.

Mimi ni mwalimu wa jiografia. Wanafunzi wangu wameniuliza namna udongo unavyoweza kuvuka mto na bonde bila kuvijaza. Nimekosa jibu la kuwaridhisha. (Mwalimu, Morogoro)

Wanafunzi wako wana haki ya kuuliza, kwa maana wengi wetu tunapofikiria maporomoko ya ardhi tunaona udongo unaoteleza polepole na kujikusanya chini ya mteremko. Hivyo ndivyo yanavyokuwa maporomoko madogo. Kipande kikubwa cha mlima kinapokatika kwa mara moja, hali hubadilika. Mawe husagana, udongo uliojaa maji huanza kutembea kama uji mzito, na kasi inakuwa kubwa kiasi kwamba mbele ya kipande hicho bonde dogo si kizuizi. Kinaweza kuteremka upande mmoja, kuvuka kijito, kupanda upande wa pili na kusimama mbali na pale kilipotoka, na sehemu kubwa ya mzigo wake ikawa imekwenda nacho badala ya kubaki njiani.

Mfano ulioandikwa vizuri ni wa kijiji cha Elm nchini Uswisi, ambako mnamo tarehe 11 Septemba 1881 mlima uliokuwa umechimbwa mawe ya kuezekea ulianguka na kuua watu zaidi ya 110. Ilikuwa jioni, kungali na mwanga, na walionusurika walihojiwa na mwanajiolojia Albert Heim. Walimweleza kwamba mawe yalipofika kwenye kingo ya machimbo hayakumwagika chini, bali yalirushwa mbele hewani, na kwamba kwa kitambo kifupi waliweza kuona upande wa pili kupitia uwazi uliokuwa chini ya mawe hayo. Watu wa Elm walikuwa Wakristo wa milimani walioona mlima wao ukiruka kwa macho yao mchana kweupe, na hakuna aliyehitaji kuamini kuwa umebebwa. Watu wa Dieng hawakuona chochote, kwa kuwa ilikuwa usiku wa manane. Walisikia kishindo, na asubuhi wakalinganisha mahali kilele kilipokuwa na mahali udongo ulipo. Kusema "umeruka" lilikuwa hitimisho la watu waliotazama vizuri.

Jambo la pili la kuwaeleza wanafunzi ni kuhusu mwamba wenyewe. Dieng si mlima mmoja bali ni mkusanyiko wa volkeno za zamani, na chini yake bado kuna joto. Mvuke na maji yenye asidi hupenya katika mawe kwa miaka mingi na kuyageuza polepole kuwa udongo laini wa mfinyanzi, kiasi kwamba mlima unaweza kuonekana imara kwa nje ilhali ndani yake umekwisha kulainika. Mvua ikiingia katika udongo wa namna hiyo, uzito unaongezeka na mshiko unapungua kwa wakati mmoja. Nakushauri uwachoree mchoro ubaoni wenye mteremko, kijito, na kitongoji upande wa pili. Wataelewa haraka kuliko kwa maelezo yangu.

Mwaka 2023 tope la mlima Hanang lilipotushukia hapa Katesh, wapo waliosema mlima umelipuka, na wapo waliosema ni mikosi ya watu fulani. Je, yaliyotupata yanafanana na ya Legetang? (Msomaji, Katesh)

Pole sana, ndugu yetu, na pole kwa wote waliopoteza jamaa zao. Yanafanana kwa sehemu kubwa. Tarehe 3 Desemba 2023, baada ya mvua kubwa, sehemu ya mlima Hanang ilimeguka na kuteremka kama tope lililochanganyika na mawe na magogo, na zaidi ya watu 80 wakafa. Hanang ni volkeno, kama zilivyo volkeno zilizouunda uwanda wa Dieng, lakini haikulipuka siku ile, na serikali ililazimika kulieleza hilo hadharani kwa sababu ya uvumi unaoutaja. Tofauti ni kwamba kwenu tope lilifuata njia za maji na kusafiri kwa umbali mrefu, wakati Legetang ilifunikwa na kipande cha mlima wa jirani. Kuhusu mikosi ya watu fulani, jibu langu ni lile lile nililompa msomaji wa Tanga, na hapa nalisema kwa mkazo zaidi kwa kuwa watu hao mnawajua kwa majina na mnaishi nao.

Niliwahi kusoma juu ya mzee wa Kijava aliyekuwa mlinzi wa mlima wa moto, akakataa kuhama na kufa akiwa amesujudu. Je, ni kweli? Na je, imani yake ndiyo iliyowaponza wenzake? (Msomaji, Mombasa)

Ni kweli, na kisa chake kinahitaji maelezo marefu kidogo, kwa maana bila kuijua hadithi ya mlima ule huwezi kumhukumu mzee yule kwa haki.

Mlima wenyewe ni Merapi, wenye kimo cha mita 2,900 na zaidi, ulio kaskazini mwa jiji la Yogyakarta. Wajava husimulia kuwa hapo zamani kisiwa cha Java kilikuwa kimeinama upande mmoja, na miungu ikaamua kuuleta mlima katikati ili kukisawazisha. Mahali ulipotakiwa kuwekwa palikuwa na wahunzi wawili, Empu Rama na Empu Permadi, waliokuwa wakifua jambia takatifu la krisi. Waliombwa wahame, wakajibu kwamba kazi haijaisha na haiwezi kuachwa nusu. Mlima ukawekwa juu yao, na tangu hapo roho zao zikawa watawala wa Merapi, na moto wa mlimani ni moto wa kiwanda chao. Msomaji atambue kuwa hadithi ya kwanza kabisa ya mlima huu ni ya watu walioambiwa wahame wakakataa, na kwamba hawasimuliwi kama wakosefu.

Juu ya hadithi hiyo ikajengwa nyingine, ya kifalme. Panembahan Senopati, mwanzilishi wa ufalme wa Mataram mwishoni mwa karne ya 16, anasemwa kuwa alifunga ahadi na Ratu Kidul, malkia wa bahari ya kusini, naye akampa yai la ajabu. Badala ya mfalme kulila, lililiwa na mtunza bustani wake, ambaye aligeuka jitu la kutisha. Senopati akamtuma jitu huyo akaulinde mlima Merapi, akaitwa Kyai Sapu Jagad. Kwa hiyo jumba la mfalme wa Yogyakarta linahesabiwa kuwa katikati ya mstari mmoja: kaskazini yupo mlinzi wa mlima, kusini yupo malkia wa bahari, na mfalme ndiye anayezishikanisha pande hizo mbili. Kila mwaka, katika mwezi wa Rajabu, ikulu hupeleka vitambaa na sadaka nyingine mlimani na pwani. Anayezipokea na kuzipandisha mlimani ni mlinzi aliyeteuliwa na sultani.

Mlinzi huyo ndiye mzee uliyesoma habari zake. Aliitwa Mbah Maridjan, alizaliwa mwaka 1927, akaishi Kinahrejo, kitongoji kilicho kilomita chache tu kutoka kileleni. Alipewa kazi hiyo na Sultani Hamengkubuwono IX, pamoja na jina la cheo, Mas Penewu Surakso Hargo. Alikuwa Mwislamu mwenye kuswali, na hakuona mgongano kati ya swala yake na kazi yake.

Mwaka 2006 Merapi ilianza kufoka. Serikali iliamuru watu wahame, mzee akakataa, akawa maarufu nchi nzima hata akatokea katika matangazo ya kinywaji cha kutia nguvu. Tarehe 14 Juni mwaka huo wingu la gesi ya moto na majivu lilishuka hadi Kaliadem, jirani na Kinahrejo. Watu wawili wa uokoaji walikimbilia ndani ya handaki lililojengwa mahususi kwa ajili ya kujikinga, wakafia humo. Kitongoji cha mzee hakikuguswa. Naomba msomaji ajiweke mahali pa mkazi wa Kinahrejo siku ya pili yake: kinga ya serikali imeua, mzee aliyekaa nyumbani yuko hai. Mtu wa kawaida angejifunza nini kutokana na hayo?

Ndipo ikaja 2010. Tarehe 25 Oktoba wataalamu walipandisha tahadhari hadi ngazi ya juu kabisa. Kesho yake jioni wingu la moto, ambalo wenyeji huliita wedhus gembel kwa vile hushuka likiwa na mafundo mafundo kama manyoya ya kondoo, lilipita moja kwa moja Kinahrejo. Mbah Maridjan alikutwa amekufa nyumbani kwake katika hali ya kusujudu. Wengine walikufa pamoja naye, akiwamo mwandishi wa habari na mtu wa kujitolea wa Msalaba Mwekundu waliokwenda kumshawishi aondoke. Mlipuko mkubwa zaidi ulikuja tarehe 5 Novemba, na hadi mlima ulipotulia waliokufa walikuwa zaidi ya 350.

Je, imani yake iliwaponza? Kwa baadhi yao, ndiyo, na sidhani kama ni heshima kwa mzee kulificha hilo. Waliobaki kwa sababu yeye alibaki wangekuwa hai. Lakini yeye mwenyewe hakudai kuwa mlima hautalipuka. Alidai kwamba amekabidhiwa kazi na sultani aliyekwisha fariki, na kwamba hakuna aliye hai mwenye mamlaka ya kumwondolea. Huyo ni askari wa zamu zaidi kuliko mtabiri. Kosa lilikuwa la waliomfanya mtabiri, kuanzia majirani waliokuwa wakitazama kama mlango wake uko wazi, hadi waandishi na watangazaji waliojua kuwa ukaidi wa mzee huuza. Serikali kwa upande wake ilifanya vizuri mwaka ule: eneo la kuhamwa lilipanuliwa hadi kilomita 20 kutoka kileleni, na maelfu ya watu wakaokoka. Nafasi ya mzee ilijazwa na mwanawe, na sadaka za Rajabu zinaendelea kupandishwa.

Kwetu Homa Bay tuna ziwa Simbi Nyaima, na wazee husema kuwa lilikuwa kijiji kilichozama. Kuna hadithi kama hiyo huko Java? (Msomaji, Kendu Bay)

Ipo, nayo inafanana na ya kwenu kiasi cha kushangaza. Kwa faida ya wasomaji wengine, kwenu husimuliwa kuwa bibi kizee alifika kijijini watu wakiwa katika sherehe, akaomba apokewe, akafukuzwa. Ni mwanamke mmoja tu aliyemtendea wema. Bibi akamwambia aondoke, na maji yakaja yakakimeza kijiji na wote waliokuwamo.

Huko Java ziwa linaitwa Rawa Pening, karibu na mji wa Ambarawa. Aliyekuja kijijini ni kijana mchafu mwenye vidonda, aliyeitwa Baru Klinting, ambaye kwa asili alikuwa joka, na wanakijiji walikuwa wamekwisha kumkata nyama bila kumjua na kuipika kwa ajili ya karamu. Aliomba chakula katika karamu hiyo hiyo, wakamfukuza. Bikizee mmoja, Nyai Latung, akamlisha. Kijana akamwagiza kwamba akisikia kishindo cha maji apande ndani ya kinu chake. Kisha akachomeka kijiti ardhini, akawaita wenye nguvu waking'oe. Wakashindwa mmoja baada ya mwingine. Alipoking'oa mwenyewe, maji yakabubujika katika tundu lile hadi kijiji kikazama, na bikizee akaelea salama katika kinu. Kinu cha Kijava cha kukobolea mpunga ni gogo refu lililochongwa kama mtumbwi, kwa hiyo jambo hilo si la ajabu kama linavyosikika kwa mtu aliyezoea kinu chetu cha kusimama.

Wanajiolojia wanayaeleza maziwa yote mawili bila kijiji: Simbi ni shimo lililoachwa na mlipuko wa volkeno, na maji yake ya magadi huvutia heroe, Rawa Pening ni bonde la chini lililozungukwa na milima ya volkeno, ambalo eneo lake la maji lilipanuliwa kwa bwawa wakati wa ukoloni wa Waholanzi. Hilo halinifanyi nizidharau hadithi hizi. Zinafundisha namna ya kumpokea mgeni, na waliozama ndani yake hawana majina, hawana kaburi wala wajukuu. Ndiyo maana naziweka mbali na hadithi ya Legetang, ambayo ina tarehe, ina hesabu ya watu, na bila shaka ina jamaa zao waliobaki ambao wanasikia kila mwaka kuwa ndugu zao walistahili.

Ikiwa Dieng ni mahali pa hatari namna hiyo, kwa nini watu hawahami? (Msomaji, Muscat)

Kwa sababu ardhi inayowatisha ndiyo inayowalisha. Udongo wa volkeno na hewa ya baridi ya Dieng hustawisha viazi, kabichi na karoti, na viazi hasa vimelimwa hadi kwenye miteremko mikali, jambo ambalo limekuwa likisababisha mmomonyoko mkubwa wa udongo tangu miaka ya 1980. Pia watu wa pale wanaihesabu nchi ile kuwa ya wazee wao. Watoto wanaozaliwa huko wakaota nywele zenye mafundo husemwa kuwa ni watoto wa Kyai Kolodete, mzee mwanzilishi, na nywele hizo hazikatwi mpaka mtoto mwenyewe ataje anachotaka apewe, akapewa, kisha dua ikasomwa.

Hatari wanaijua vizuri kuliko mimi na wewe. Alfajiri ya tarehe 20 Februari 1979 mvuke ulilipuka kwenye shimo la Sinila, na watu wa kitongoji cha Kepucukan wakakimbia. Njiani walikutana na hewa ukaa iliyotoka ardhini, ambayo haina rangi, na kwa kuwa ni nzito kuliko hewa ya kawaida hutulia mabondeni. Karibu watu 150 walianguka na kufa pale barabarani, wakiwa wanakimbia kitu kingine. Tangu wakati huo serikali imekuwa ikipima gesi hiyo, hasa katika shimo la Timbang, na mwishoni mwa Mei 2011 ilipoongezeka, tahadhari ilipandishwa na mamia ya wakazi wakahamishwa kabla ya yeyote kudhurika. Wiki chache baadaye gesi ilipopungua, walirudi mashambani.